Adui wa James Bond aliyekuwa mwongozaji tangu mwanzo

Swali: Shikamoo Mwalimu. Mimi naigiza tamthilia za runinga hapa Dar es Salaam, na nimemaliza kuandika skripti ya filamu fupi ambayo nataka niiongoze mwenyewe. Kila ninayemweleza ananiambia nichague kimoja, maana mshika mbili moja humponyoka. Rafiki yangu akanitajia Mathieu Amalric, yule adui wa James Bond kwenye Quantum of Solace. Anasema yule Mfaransa ni mwongozaji wa filamu huru na aliwahi kupata tuzo ya uongozaji kwenye tamasha la filamu la Cannes. Naomba unieleze amewezaje kushika kazi zote mbili, hela ya filamu zake anaitoa wapi (nadhani ni ya Hollywood), na mimi nikitaka kumtazama nianzie wapi. Ahsante.

Jibu: Marahaba, binti yangu. Niianze hiyo hela ya Hollywood, kwa sababu ndiyo inayopotosha wengi. Amalric alipocheza Dominic Greene, huyo adui wa Bond, mwaka 2008, tayari alikuwa na kazi ndefu tatu alizoziongoza, na ya kwanza ilitoka mwaka 1997. Watu hudhani mwigizaji alipata jina, akapata fedha, ndipo akaona ajaribu na kuongoza. Mambo yalikwenda kinyume kabisa. Huyu alitaka kuongoza tangu ujana wake, na uigizaji ukamkuta njiani kwa kuitwa na wengine. Ukilielewa hilo, sehemu kubwa ya swali lako imejibika.

Alizaliwa mwaka 1965 Neuilly-sur-Seine, pembezoni mwa Paris, katika nyumba ya watu wa kalamu. Baba yake, Jacques Amalric, alikuwa mwandishi wa habari za kimataifa wa gazeti la Le Monde. Mama yake, Nicole Zand, alikuwa mhakiki wa vitabu wa gazeti hilohilo, Myahudi mwenye asili ya Poland. Kazi ya baba iliipeleka familia Washington na Moscow, kwa hiyo mtoto alikua kati ya lugha na miji ya watu. Lishike jina la Zand, tutakutana nalo tena.

Mwaka 1984 alionekana kwa mara ya kwanza kwenye filamu, katika Les Favoris de la lune ya Otar Iosseliani, mwongozaji kutoka Georgia aliyekuwa amehamia Ufaransa. Iosseliani alipenda kuwatumia watu ambao si waigizaji wa kazi, na kijana huyu alikuwa mmoja wao. Wengi wangetoka hapo na ndoto ya kuwa stelingi. Yeye alitoka anatamani kazi ya mzee aliyekuwa nyuma ya kamera. Miaka iliyofuata akaingia kazini kwa mlango wa chini: akawa mwanagenzi katika kundi la wasaidizi wa mwongozaji kwenye Au revoir les enfants ya Louis Malle, iliyotoka mwaka 1987, akafanya kazi ndogondogo za seti, akajifunza uhariri, akatengeneza filamu zake fupi. Hicho ndicho chuo chake, na siku za chuo hicho hutumwi ukalie kiti cha mwongozaji. Unabeba, unasubiri, unatazama mtu mwingine anavyoamua.

Aliyembadilishia njia ni mwongozaji wa Kifaransa, Arnaud Desplechin. Kwanza alimpa nafasi ndogo katika La Sentinelle, mwaka 1992. Mwaka 1996 akampa mzigo mzima wa Comment je me suis disputé… (ma vie sexuelle), filamu inayokaribia saa tatu, inayomfuata Paul Dédalus, mwalimu kijana wa falsafa ambaye hamalizi tasnifu yake na hawezi kumwacha mpenzi wake wa miaka mingi. Amalric alikuwa na miaka 30 au zaidi kidogo, hana cheti chochote cha uigizaji, na mwaka uliofuata akapewa César ya mwigizaji chipukizi, tuzo ya taifa ya filamu ya Ufaransa. Mwenyewe amesema mara nyingi kwamba Desplechin ndiye aliyemgeuza kuwa mwigizaji. Sasa angalia kalenda: mwaka uleule wa 1997 alipopokea tuzo ya kuigiza ndipo ilipotoka Mange ta soupe, filamu yake ndefu ya kwanza kama mwongozaji. Kazi zote mbili zilizaliwa pamoja. Hapakuwa na siku aliyokaa akachague.

Urafiki huo wa kikazi na Desplechin umeendelea kwa miongo. Ukinibana nikuoneshe sini moja tu ya uigizaji wake, nitakupeleka kwenye Rois et reine ya mwaka 2004. Amalric ni Ismaël, mpiga viola mwenye madeni ya kodi na kichwa chenye vurugu, ambaye anachukuliwa kwa nguvu na kupelekwa hospitali ya magonjwa ya akili. Nora, mwanamke aliyewahi kuishi naye, anamwomba amuasili mwanawe mdogo, Elias. Kuelekea mwisho Ismaël anamchukua mtoto hadi jumba la makumbusho, Musée de l'Homme, na huko anamweleza kwa nini hatakuwa baba yake.

Hebu fikiria ugumu wa sini hiyo kwa mwigizaji. Kumwambia mtoto hapana ni ukatili, na mtu mwingine angeuficha ukatili huo kwa machozi. Amalric anaongea na yule mtoto kama mtu mzima mwenzake, kwa mwendo wa kawaida, anatembea, anapumzika, anaendelea, anampa sababu moja baada ya nyingine. Maneno ni mengi sana, lakini hata moja halisikiki kama limekaririwa. Kadiri anavyokataa ndivyo unavyoona anampenda mtoto. Mapema katika filamu hiyohiyo, mbele ya wagonjwa wenzake, anaangusha dansi ya hip-hop kwa mwili wake mwembamba usio na umbo la mchezaji, na hapo pia hatafuti kuchekesha. Alipata César ya mwigizaji bora mwaka 2005 kwa nafasi hiyo, na aliistahili kabisa.

Sababu ya kukaa muda mrefu kwenye sini hiyo ni hii. Naona ndani yake mtu anayejua kwamba kamera iko wapi na inamtaka nini, kwa kuwa amewahi kusimama upande wa pili. Hamfanyii mwongozaji onesho. Anampa malighafi: anabadilisha kasi, anaacha mwanya, anageuka kidogo mahali ambapo mhariri atataka kukata. Mwigizaji aliyekaa chumba cha uhariri anajua kwamba sentensi nzuri isiyo na nafasi ya kupumua pembeni yake huwa haitumiki.

Mfano mwingine ni Le Scaphandre et le papillon ya Julian Schnabel, mwaka 2007, filamu iliyomfanya ajulikane nje ya Ufaransa. Inasimulia habari ya kweli ya Jean-Dominique Bauby, mhariri mkuu wa jarida la Elle, aliyepigwa na kiharusi Desemba 1995 akabaki anachezesha ukope wa jicho la kushoto tu. Kwa ukope huo aliandika kitabu kizima. Msaidizi alikuwa akimsomea herufi si kwa mpangilio tuliozoea, ila kwa zile zinazotumika zaidi katika Kifaransa kuja kwanza: E, S, A, R, I, N, na kuendelea. Bauby anapepesa inapofika anayoitaka, wanaanza upya. Kitabu kilitoka Machi 1997, naye akafariki siku chache baadaye.

Nafasi hiyo awali ilifikiriwa kwa Johnny Depp. Ilipomwangukia Amalric, aliikuta kazi ambayo inamnyima mwigizaji kila kitu: mikono, miguu, mdomo, hata nusu ya uso. Sehemu kubwa ya mwanzo wa filamu kamera yenyewe ndiyo jicho la Bauby, sisi tunamsikia tu sauti ya ndani. Sauti hiyo ndiyo uigizaji wenyewe, na ina hasira, utani, tamaa, uchovu, vyote. Filamu ilishutiwa Berck-sur-Mer, mji wa pwani ya kaskazini ambako Bauby alilazwa. Amalric akapata César ya pili ya mwigizaji bora, mwaka 2008.

Kutoka hapo ndipo Bond alipomwita. Sina mengi ya kukueleza juu ya Quantum of Solace, maana ni sura fupi katika maisha yake. Kitu kimoja tu ukiangalie ukiirudia: Greene hana kovu, hana jicho la bandia, hana mkono wa chuma kama maadui wengi wa Bond. Ni mfanyabiashara anayejifanya mtetezi wa mazingira huku akiyafungia maji ya Bolivia, na kinachotisha ni macho na tabasamu tu. Baada ya hapo angeweza kuhamia huko moja kwa moja akawa adui wa kudumu wa filamu za fedha nyingi. Alichofanya ni kurudi Ufaransa na kwenda kuzunguka miji ya bandari na kundi la wanenguaji.

Hiyo ndiyo Tournée, ya mwaka 2010, na hapa naomba uvumilie niseme kwa kirefu, maana jibu lako limo humo. Wazo la kwanza lilitoka kwenye kitabu cha Colette, mwandishi wa Kifaransa aliyewahi kuishi maisha ya jukwaani mwanzoni mwa karne ya 20 na akaandika habari za treni, vyumba vya baridi na malipo madogo ya wasanii wa kuzunguka. Amalric akatafuta ni nani leo anayeishi hivyo, akawapata wanawake wa Kimarekani wa burleski mpya, wanaopanda jukwaani na miili yao ilivyo, wanene kwa wembamba, wakivua nguo kwa madoido na vichekesho walivyobuni wenyewe. Mimi Le Meaux, Dirty Martini, Kitten on the Keys na wenzao hawakuwa waigizaji wa filamu. Ni wasanii halisi wa kazi hiyo, na kwenye filamu wanatumia majina yao ya jukwaani na maonesho yao wenyewe.

Chanzo cha pili kilikuwa kizito zaidi. Mwaka 2005 Humbert Balsan, mtayarishaji wa Paris aliyesimama nyuma ya filamu nyingi za kijasiri, alijitoa uhai huku kampuni yake ikilemewa na madeni. Pigo hilo liliwatikisa watu wa filamu huru Ufaransa nzima. Amalric akajiuliza watayarishaji wa namna hiyo hupata wapi nguvu ya kuamka kila siku na kuahidi fedha wasizokuwa nazo. Ndipo akamuumba Joachim Zand, mtayarishaji wa zamani wa runinga aliyeharibu mambo yake Paris, akakimbilia Marekani, na sasa anarudi na kundi hili la kina dada akiwaahidi kwamba safari itaishia Paris. Jina la ukoo ni la mama yake, kama unavyoona. Masharubu ya Joachim ni ya Paulo Branco, mtayarishaji wa Kireno anayefahamika na kila mtu kwenye filamu huru za Ufaransa.

Kundi linatoka Le Havre linashuka pwani ya Atlantiki, hoteli hadi hoteli. Maonesho yalifanywa kweli, kwenye kumbi za kweli, mbele ya watazamaji wa kweli wa miji hiyo, na kamera ikajibana pembeni mwa jukwaa, mahali anaposimama meneja. Fikiria faida yake. Ukumbi ukilipuka kwa vifijo, vifijo hivyo si vya kuigizwa. Mnenguaji anaposhuka jukwaani anahema, jasho linamtoka, na kamera iko hapohapo inamngoja. Mwongozaji hahitaji kumwambia aoneshe uchovu.

Mara ya kwanza kwa Amalric kujipa nafasi kuu katika filamu yake ni hii. Katika Mange ta soupe mhusika mkuu alikuwa Jean-Yves Dubois. Katika Le Stade de Wimbledon, ya mwaka 2001, filamu iliyoshutiwa Trieste, Italia, kuhusu mwanamke anayetafuta habari za mwandishi ambaye hakuandika kitabu, mzigo wote aliubeba Jeanne Balibar. Tournée ilikuja miaka 13 baada ya filamu ya kwanza, na hata hapo uamuzi wa kumcheza Joachim mwenyewe ulikuja mwishoni, filamu ikikaribia kuanza. Kwa maoni yangu ndio uliookoa filamu. Kina dada wale wanajua jukwaa lakini hawajui kamera. Mwongozaji aliye nyuma ya kamera angelazimika kuwasimamisha na kuwaelekeza. Aliye ndani ya picha, akiwa meneja wao kwenye hadithi, anaweza kuwachokoza, kuwakatiza, kuwakumbatia, kuwapandishia sauti, nao wakamjibu kama wanavyomjibu meneja yeyote. Anaongoza huku kamera inazunguka, na hakuna anayeona.

Kuna mambo mawili madogo ya kutazama. Kila hoteli na kila baa anayoingia, Joachim anaomba muziki au televisheni ipunguzwe sauti. Hakuna anayemsikiliza vizuri. Jambo linarudiwa bila kuelezwa, na polepole unaelewa kwamba huyu mtu hana mahali duniani ambapo kelele zinamtii. La pili ni sini ya usiku kwenye kituo cha mafuta. Anaanza kutaniana na dada wa kaunta, watu wawili wasiojuana, na kwa dakika chache inaonekana kama kila mmoja angeweza kuwa na maisha mengine. Kisha anaondoka. Kwa hadithi sini hiyo haina kazi yoyote, na mtayarishaji mwoga angeiondoa kwenye skripti siku ya kwanza. Mimi naiona ndiyo moyo wa filamu.

Cannes mwaka huo jopo la majaji liliongozwa na Tim Burton. Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha, ilikwenda kwa Apichatpong Weerasethakul wa Thailand, na tuzo ya mwongozaji bora ikaenda kwa Amalric. Wahakiki wa kimataifa, FIPRESCI, nao wakampa tuzo yao. Rafiki yako hakukudanganya.

Sasa hela. Hapa ndipo tunapotofautiana na Wafaransa kuliko kwenye kipaji. Ufaransa ina taasisi ya serikali ya filamu inayoitwa CNC, iliyoundwa mwaka 1946, vita vikuu vikiwa ndiyo kwanza vimekwisha na filamu za Marekani zikimiminika. Kila tiketi ya sinema inayouzwa nchini humo inakatwa kodi maalumu ya asilimia 10.72. Fedha hiyo haipotelei kwenye bajeti ya serikali, inarudi kwenye filamu kupitia CNC. Na inakatwa kwa filamu yoyote, ya Kifaransa au ya Marekani. Maana yake ni kwamba kila Mfaransa aliyekata tiketi ya Quantum of Solace aliacha senti kadhaa kwenye mfuko unaozisaidia filamu kama za Amalric. Kwa njia hiyo, na kwa hiyo tu, unaweza kusema James Bond alichangia.

Mfuko huo una milango kadhaa. Mtayarishaji ambaye filamu yake iliyopita iliuza anapata haki ya kiasi fulani moja kwa moja, mradi akiwekeze katika filamu nyingine. Mlango mwingine ni ule ulioanza mwaka 1959, mkopo unaotolewa mapema kwa kuangalia skripti: kamati inasoma, inachagua, na filamu inalipa kutokana na mapato yake ikiwa itayapata. Isipouza, mwongozaji hafilisiwi nyumba yake. Juu ya hayo, vituo vya televisheni vinawajibika kisheria kuwekeza katika filamu. Canal+, iliyoanza kurusha mwaka 1984, ilikua pamoja na wajibu huo wa kununua filamu kabla hazijatengenezwa. Arte nayo imewabeba wengi. La Chose publique ya Amalric, mwaka 2003, ilitengenezwa kwa ajili ya Arte.

Na kuna jambo dogo ambalo huku halisemwi kabisa: msanii au fundi wa filamu Ufaransa anayetimiza saa 507 za kazi ndani ya miezi 12 anapata posho ya bima ya ukosefu wa ajira kati ya mkataba mmoja na mwingine. Hiyo ndiyo inayompa mtu nafasi ya kuandika. Haimpi utajiri, inamlipia kodi ya nyumba.

Kwa hiyo usimtazame Amalric ukadhani nguvu zake peke yake zilitosha. Kuna sheria, kuna mfuko, na kuna watu. Upande wa watu ametajirika: Yaël Fogiel na Laetitia Gonzalez wa Les Films du Poisson walioitayarisha Tournée, mpiga picha Christophe Beaucarne, Jeanne Balibar ambaye waliwahi kuishi pamoja na wana watoto wawili wa kiume. Balibar ndiye aliyembeba katika Barbara, ya mwaka 2017, filamu kuhusu mwimbaji mkubwa wa Kifaransa aliyefariki mwaka 1997. Ni filamu ndani ya filamu. Balibar anacheza mwigizaji anayejiandaa kumcheza Barbara, Amalric anacheza mwongozaji anayepagawa na mwimbaji huyo, na jina la mwongozaji ni Yves Zand. Picha za kumbukumbu za Barbara halisi zimechanganywa na za Balibar hadi unapoteza hesabu ni nani anayepiga kinanda. Balibar alipata César ya mwigizaji bora wa kike kwa kazi hiyo.

Filamu hiyo ilioneshwa Cannes katika kundi la Un Certain Regard, mahali panapopewa filamu zenye jicho la pekee. Mwaka uliofuata, 2018, kundi hilohilo lilipokea Rafiki ya Wanuri Kahiu, filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa rasmi Cannes, nayo ilikuwa na mtayarishaji mshirika wa Kifaransa. Nakutajia ili ujue kwamba ule mfumo haujafungwa kwa wenyeji tu. CNC ina dirisha la filamu za dunia nzima, lililoanzishwa mwaka 2012, ila sharti uwe na mtayarishaji mshirika aliyeko Ufaransa. Kwa filamu fupi ya kwanza bado hujafika huko. Weka akilini.

Kuna La Chambre bleue ya mwaka 2014 ambayo kwako wewe ni darasa zaidi kuliko zote. Wakati huo Amalric alikuwa anahangaika kwa muda mrefu na mradi mkubwa wa riwaya ya Stendhal usiofika mwisho. Paulo Branco akamsukuma atengeneze kitu kidogo, haraka. Akachukua riwaya fupi ya Georges Simenon, akaiandika upya na Stéphanie Cléau, na wote wawili wakaicheza: mwanamume mwenye mke, mfanyabiashara wa mashine za kilimo, na mpenzi wake wa siri wanayekutana naye kwenye chumba cha hoteli chenye rangi ya buluu. Kuna kifo, kuna hakimu mpelelezi anayeuliza, na mtu anajibu maswali huku tukiona vipande vya kumbukumbu visivyolingana na majibu yake. Filamu haifiki dakika 80. Picha ni ya fremu karibu mraba, ya zamani, inayowabana watu wawili hadi unasikia joto la chumba. Hakuna chochote ndani yake kinachohitaji fedha nyingi. Kinachohitajika ni kuamua mapema kipi kisionekane.

Na ili usidhani kila mara anajiweka mbele: Serre moi fort, ya mwaka 2021, haonekani kabisa. Alimwachia Vicky Krieps, kama mwanamke anayeondoka nyumbani alfajiri na kuwaacha mume na watoto. Nisikueleze zaidi, maana filamu hiyo ukielezwa kwanza unaibiwa. Huku nyuma anaendelea kuitwa na wengine. Wes Anderson amemtumia tangu The Grand Budapest Hotel ya mwaka 2014. Le Grand Bain ya Gilles Lellouche, mwaka 2018, kuhusu wanaume wa makamo wanaojifunza kucheza ngoma ndani ya bwawa la kuogelea, iliuza tiketi zaidi ya milioni 4 Ufaransa. Anakubali nafasi kubwa na ndogo. Ninavyomsoma, kila seti anayoalikwa ni nafasi ya kumtazama mwongozaji mwingine akifanya kazi, jambo ambalo waongozaji wengi hawalipati maishani kwa sababu hawaalikwi kwenye seti za wenzao.

Hapo narudi kwako. Wanaokuambia uchague wanaona kazi mbili zinazogombania siku zako. Wewe uko kwenye seti ya tamthilia wiki nzima, unalipwa, na kuna saa nyingi za kusubiri zamu yako. Waigizaji wengi hizo saa wanazimalizia kwenye simu. Zitumie kusimama karibu na mpiga picha, ukimwomba ruhusa kwa adabu. Uliza kwa nini taa imehamishwa. Omba ukae siku moja na mhariri uone sini yako mwenyewe inakatwaje, uone ni ipi kati ya sura zako alizozitupa, na umuulize sababu. Hilo halihitaji CNC, na ndilo alilolifanya Amalric miaka mingi kabla hajaitwa mwigizaji.

Kuhusu kutazama: anza na Rois et reine, umjue kama mwigizaji wa mtu mwingine. Kisha Tournée, ambayo ina utupu wa jukwaani, basi itazame ukiwa peke yako au na wenzako wa kazi. Ya tatu La Chambre bleue, mara mbili, ya pili ukiwa umezima sauti ili uone fremu zinavyofanya kazi. Tafuta nakala zenye tafsiri ya maandishi chini, usikubali zilizoingizwa sauti ya lugha nyingine, maana kwa huyu mtu sauti ni nusu ya kazi. Ukimaliza hizo tatu, fungua skripti yako uangalie ile nafasi uliyojiandikia. Jiulize kama ukiwa ndani ya picha utawasaidia wenzako kuigiza vizuri zaidi, kama Joachim na wanenguaji wake. Kama jibu ni ndiyo, icheze mwenyewe na umweke mtu unayemwamini kwenye monita. Kama ni hapana, mpe nafasi hiyo mwigizaji mwenzako wa kwenye tamthilia, na muanze mazoezi kabla ya kutafuta hata kamera.